Wannabe ilirekodiwa chapchap na mmoja wao hakuwepo, je alistahili mgao?

Swali la msomaji: "Shikamoo kaka. Sisi ni wadada wanne tuna kundi letu hapa Tanga. Wiki iliyopita tuliingia studio tukamaliza wimbo siku moja, ila mwenzetu mmoja hakuwepo, alikuwa kwao Lushoto kwenye msiba, akawa anatusikiliza kwa simu tu. Sasa wawili wanasema asiandikwe kwenye utunzi maana hajatoa hata neno. Mimi niliwahi kusikia Wannabe ya Spice Girls nayo ilitungwa kwa nusu saa na mmoja wao hakuwepo. Ni kweli? Na kwenye hela walifanyaje?"

Marahaba mdogo wangu, na poleni na msiba. Nimefurahi umeuliza sasa hivi kabla wimbo haujatoka, maana wengi wananiletea swali hili wakati wimbo ushapigwa redioni, hela ishaanza kuonekana na watu hawasalimiani tena.

Jibu la haraka: ndiyo, ni kweli. Wannabe, singo ya kwanza ya hilo kundi la wasichana watano wa Uingereza, ilitungwa mwaka 1995 kwenye studio inaitwa Strongroom, mtaa wa Curtain Road, Shoreditch, mashariki mwa London, na siku hiyo Victoria Adams, huyu ambaye leo tunamjua kama Victoria Beckham, hakuwepo. Wenzake wanne walikuwepo, Mel B, Mel C, Geri na Emma, yeye alikuwa kwenye simu kama huyo mwenzenu wa Lushoto. Ukiusikiliza wimbo kuanzia mwanzo mpaka mwisho hutapata mstari hata mmoja anaouimba Victoria peke yake, yumo kwenye kuitikia tu. Na bado kwenye utunzi anahesabika sawasawa na wenzake. Kwenye rekodi watunzi wameandikwa Spice Girls, Matt Rowe na Richard Stannard, basi. Halijaandikwa jina la aliyeleta mstari huu wala aliyeleta ule, limeandikwa jina la kundi, na makubaliano yao yalikuwa kwamba sehemu ya kundi inagawanywa mara tano, sawa kwa sawa.

Hiyo ndio habari yenyewe, lakini nikiishia hapo nitakuwa nimekupa silaha ya kwenda kugombana na wenzako na sijakusaidia. Hii stori ya nusu saa inasimuliwa sana na inasimuliwa nusu nusu, na kile kipande kinachoachwa ndicho kinachojibu swali lako.

Turudi nyuma kidogo. Hawa wasichana hawakukutana mtaani. Mwanzoni mwa 1994 kampuni moja ya mameneja, Heart Management, ya baba na mtoto wake, Bob na Chris Herbert, waliweka tangazo kwenye gazeti la wasanii la The Stage wakitafuta wasichana wa miaka 18 hadi 23 wanaoweza kuimba na kucheza. Walikuja mamia kwenye usaili. Wakachaguliwa watano, mmoja akaondoka baada ya muda mfupi, nafasi yake akaichukua Emma Bunton ambaye ndiye alikuwa mdogo kuliko wote. Wakapangishiwa nyumba moja Maidenhead, nje ya London, na kila siku wanaenda kwenye kistudio cha mazoezi huko Knaphill, Surrey, wanaimba, wanacheza, wanagombana, wanapatana, wanarudi nyumbani kula pamoja kile kilichopo. Hela hawana, mkataba wa maana hawana, maana ule wa Heart walikuwa hawajausaini, na ndio maana 1995 walipoona wanaelekezwa kusikokuwa kwao waliweza kufungasha na kuondoka zao.

Sasa wewe weka akilini hiyo nyumba ya Maidenhead, kisha ndio uingie studio. Watu waliokaa chini ya paa moja miezi na miezi, wanaojua huyu akichoka anakuwaje na huyu akicheka anachekaje, wakisimama mbele ya maiki hawahitaji kuelezana. Ile nusu saa ilikuwa ni kumimina tu, chungu kilishachemka muda mrefu. Na Victoria kwenye hicho chungu alikuwemo tangu moto unawashwa. Hakuwepo siku ya kupakua.

Kwenye kitabu chake cha maisha, Learning to Fly, cha 2001, anaeleza kwamba ile siku ilimuuma. Wenzake walimwambia haina shida, lakini kwake ilikuwa na shida, maana kusema "hapo sawa, hapo sijapapenda" kwenye simu sio sawa na kuwepo. Naomba hao wenzako wawili wajue hili kwanza. Aliyekosa siku kubwa ya kundi tayari ana kidonda, hata kama anacheka kwenye simu.

Twende studio sasa, maana na mimi ni mtu wa studio na hapa ndipo ninapopapenda.

Stannard na Rowe walikuwa ni watunzi na maprodyuza wawili wanaofanya kazi pamoja. Kwa Wannabe, Rowe aliweka mzunguko rahisi tu wa ngoma kwenye mashine ya Akai MPC3000, maprodyuza wa zamani hapa nyumbani wanaijua familia hiyo ya MPC, ile unayopiga vitufe vya mpira kwa vidole. Biti ikatoka na mwendo wa kurukaruka, karibu mapigo 110 kwa dakika, Stannard ikamkumbusha You're the One That I Want, ule wimbo wa John Travolta na Olivia Newton-John kwenye filamu ya Grease. Wasichana wakaanza kurusha vipande. Na nasema vipande kwa makusudi. Rowe mwenyewe ameshaeleza kwamba hawakuwa wanafikiria vesi iko wapi, kiitikio kiko wapi, walikuwa wanatoa sehemu sehemu, hapa wanapiga kelele za pamoja, hapa wanachana, hapa wanaimba, vyote vikarekodiwa shaghalabaghala, kisha wao maprodyuza ndio wakakaa kuvishona.

Kwa hiyo mtu akikwambia Wannabe ilirekodiwa ndani ya saa moja, kubali, sauti zilikwenda haraka kweli. Lakini ile ni kanzu ya viraka, na mshonaji alikuwepo. Mnaotoka studio siku moja mkidhani mmemaliza kama wao, muulizeni prodyuza wenu kama ameshashona au amewapa tu vitambaa.

Vaa hedifoni usikilize mwanzo wake, usitumie spika ya simu. Kabla ya muziki kuna hatua za mtu anakuja mbio, viatu vinagonga sakafu, halafu kicheko cha Mel B, kicheko cha kweli cha mtu aliyechangamka. Ndio kinanda kinaingia na kale kamzunguko kake, na Mel B anafungua mdomo kutangaza kwamba atasema anachokitaka, Geri anamdaka hapo hapo, haya sema, na wanarudiana tena. Ni kuitana na kuitikiana, kama mashosti wawili kwenye baraza mmoja ana umbea na mwingine hana subira. Mpaka hapo hakuna aliyeimba bado! Wimbo wa pop wa wasichana unaanza kwa mabishano. Prodyuza mwingine angefuta zile hatua za viatu, angesema ni kelele, safisha. Hawa waliziacha, na mpaka leo mtu akisikia viatu na kile kicheko anajua ni nini kinafuata. Hili sio maneno yangu tu. Mwaka 2014 jumba la makumbusho ya sayansi na viwanda la Manchester likishirikiana na watafiti, akiwemo Ashley Burgoyne wa Chuo Kikuu cha Amsterdam, waliendesha mchezo mtandaoni wa kupima watu wanatambua wimbo kwa haraka kiasi gani. Walishiriki watu zaidi ya 12,000. Wannabe ndio ilishika namba moja, kwa wastani watu waliitambua ndani ya sekunde kama 2.3. Sekunde mbili na kidogo, hujamaliza hata kusema jina lako.

Halafu ndio kiitikio kinakuja na ule ujumbe wao, kwamba ukitaka kuwa wangu lazima kwanza uelewane na marafiki zangu, mapenzi huja na kuondoka, urafiki unabaki. Miaka ile nyimbo nyingi za wasichana zilikuwa za kumlilia mwanaume. Hii inamwambia mwanaume apange foleni nyuma ya mashosti. Mimi nilikuwa mdogo, dada zangu walikuwa na kaseti waliyorekodia kutoka redioni, wanaurudisha nyuma kwa kalamu wasimalize betri, na Kiingereza hawakukijua hivyo lakini hilo la marafiki walilielewa wote na walikuwa wanaonyeshana vidole wakifika hapo.

Sasa fika kuelekea mwisho, pale Mel B anapochana. Hapa naomba usimame, ndipo penye jibu lako.

Kile kipande cha kuchana lilikuwa ni wazo la Mel B siku ile ile, na katika joto hilo hilo ndio likaingia lile neno lao zigazig-ah ambalo halimo kwenye kamusi yoyote. Ukisikiliza anachosema, anawatambulisha wenzake mmoja mmoja kwa herufi na kwa vijembe vya mapenzi, huyu Em yuko hivi, huyu G yuko vile, na anapofika kwa V anasema huyo hapatikani bure, huyo ni mwanamke wa heshima zake. V ni Victoria! Mtu ambaye muda huo hayupo chumbani, ndani ya wimbo ameshatengewa kiti. Wale wanne wakiwa kwenye moto wa kutunga, hakuna aliyesema tuache herufi yake kwa sababu hakuja. Walitunga wimbo wa watu watano wakiwa wanne.

Mimi nimeusikiliza wimbo huu kazini mara nyingi, kwa sababu ya biti, kwa sababu ya miksi, yaani sauti zilivyosawazishwa, na siku nilipoligundua hilo la V nikazima spika nikakaa kidogo. Kwa hiyo swali la kumuuliza kila mmoja wenu ni hili: mlipokuwa mnatunga, mlitunga wimbo wa watu wanne au wa watatu?

Nitoke hapo niingie kwenye sheria maana wenzako wanaweza kusema hayo ni mahaba tu. Na wana hoja, nisiwaonee. Kisheria mtunzi ni yule aliyetunga, aliyeleta maneno au sauti ya wimbo. Kusikiliza kwenye simu na kusema nimependa hakukufanyi mtunzi, sio Uingereza wala Tanzania. Mgao wa Victoria ulitoka kwenye makubaliano ya kundi, kwamba kila tutakachotunga, yeyote aliyekuwepo na yeyote ambaye hakuwepo, ni chetu sote watano. Yaani walikubaliana kabla, wimbo haujawa na thamani ya hata senti. Ukikubaliana wakati hakuna hela unakubaliana na moyo, hela ikishafika unakubaliana na wakili.

Na kuna sababu ya kikazi kabisa ya kugawana sawa, mbali na upendo. Kundi likigawana kwa mstari, kila mtu anataka mstari wake uingie hata kama ni mbovu, kwa sababu mstari ni hela. Mnakaa studio mnahesabiana maneno. Mkigawana sawa, mtu anaweza kusema mstari wangu toeni, wa huyu ni mzuri zaidi, na haimpunguzii kitu. Wannabe yenyewe ni wimbo wa vipande vya watu tofauti vilivyochanganywa, wewe ungemtafuta vipi mwenye zigazig-ah umpe asilimia zake?

Tena kulikuwa na kazi nyingine ambayo haikufanyika kwenye ile saa moja. Baada ya kusaini na kampuni ya rekodi ya Virgin, Septemba 1995, lebo haikuupenda wimbo huu uwe wa kwanza. Walitaka kitu laini zaidi, chenye R&B ndani yake, Say You'll Be There au Love Thing, na hata meneja wao mpya Simon Fuller mwanzoni alikuwa upande wa lebo. Wakapeleka wimbo Marekani kwa Dave Way afanye miksi, ikarudi na ladha ambayo wasichana hawakuikubali hata kidogo, Geri ameieleza kwenye kitabu chake kama kitu kibaya kabisa. Ikabidi wimbo uende kwa Mark Stent, anajulikana kama Spike, akaukaza, akazileta sauti mbele, na hiyo ndio tunayoisikia leo, dakika 2 na sekunde 53. Mel B na Geri ndio waliosimama kidete kwamba huu ndio wa kwanza au basi. Hebu fikiria, wasichana hawajulikani, hawajatoa hata wimbo mmoja, wanaiambia lebo kubwa hapana. Nguvu hiyo mtu mmoja hawezi kuwa nayo. Unaipata ukijua nyuma yako kuna wengine wanne na hakuna hata mmoja atakayenunuliwa pembeni, kwa sababu wote mna fungu sawa kwenye huo wimbo.

Video nayo ilikuwa hivyo hivyo. Waliirekodi usiku wa Aprili 1996 kwenye lile jengo la zamani la hoteli ya Midland Grand, pale St Pancras, London, chini ya mwongozaji kutoka Sweden, Johan Camitz, kwa mtindo wa kamera inayofuata watu bila kukata, kwa hiyo mmoja akikosea mnarudia wote kuanzia mlangoni. Baridi kali. Mel C anapindua sarakasi kinyumenyume juu ya meza. Lebo wakaona giza giza, haijapendeza, ikapelekwa kwenye televisheni ya The Box, ile ambayo watazamaji walikuwa wanapiga simu kuomba video, na watu wakaiomba mpaka ikafika kuchezwa hadi mara 70 kwa wiki. Nikiiangalia video hii mimi humwangalia Victoria. Katika wimbo hana mstari wake, lakini kwenye video yuko na wenzake ngazi kwa ngazi, na mtazamaji ambaye hajui habari za Curtain Road hawezi kukwambia nani hakuwepo.

Singo ikatoka Uingereza tarehe 8 Julai 1996. Ikaingia chati namba 3, wiki iliyofuata namba 1, ikakaa hapo wiki saba. Mwaka ule huko Uingereza wimbo huu ulipitwa kwa mauzo na Killing Me Softly ya Fugees tu. Marekani ikaingia Januari 1997 kwenye chati ya Billboard namba 11, Februari ikawa namba 1 kwa wiki nne. Na mpaka leo ndiyo singo ya kundi la wasichana iliyouzwa kuliko zote duniani. Yale majina yao ya Scary, Sporty, Baby, Ginger na Posh yalitoka kwa mhariri wa jarida la Top of the Pops, Peter Loraine, yakasaidia sana, lakini hiyo ni habari ya siku nyingine.

Nikuambie mgao sawa unaonekana wapi miaka ikipita. Geri aliondoka kundini Mei 1998. Mwaka 2012 walikutana wote watano kwenye sherehe ya kufunga Olimpiki ya London, wakafika kwa teksi wakaimba hii hii Wannabe. Mwaka 2019 wakafanya ziara ya viwanja wakamalizia Wembley, Victoria hakwenda, ana kazi zake za mavazi, wakaimba wanne. Wameingia, wametoka, wameoa na kuolewa, lakini utunzi haujui nani yuko jukwaani leo. Kila redio inapoupiga, mtunzi ni mtunzi. Hakuna aliyeenda kuwakumbusha wenzake kwamba 1995 wewe ulikuwa kwenye simu.

Sasa nikupe la kwangu, maana lilinifundisha kwa uchungu. Miaka ya nyuma nilirekodi vijana watatu, siwataji. Siku ya kurekodi mmoja alikuwa anaumwa malaria kali, wawili wakaja, tukafanya wimbo mzuri sana. Nikawauliza niandike majina mangapi, wakasema andika mawili, yule tutaongea naye. Nikaandika mawili nyuma ya risiti ya luku iliyokuwa mezani, sikuuliza tena. Mwaka mmoja na nusu baadae wimbo ukachukuliwa kwenye tangazo la biashara, ikaja hela ambayo hawajawahi kuishika. Yule wa tatu akaja studio kwangu, hakuja kwa wenzake, akaniuliza kaka kile kiitikio si mimi nilikuwa nakiimba pale kwetu kila jioni? Na ni kweli, alikuwa anakiimba, mimi sikujua, wenzake walijua. Nilimtafutia ile risiti nikamwonyesha, wino ulishafifia, majina mawili. Lile kundi halikupanda jukwaa moja tena na ule wimbo hakuna anayeuimba. Nilitakiwa kusema siandiki mpaka mje watatu, sikusema. Tangu siku hiyo kwangu mtu harekodi sauti kabla ya karatasi.

Kwa hiyo mfanye hivi. Msiongee kwa simu wala kwenye grupu la WhatsApp, subirini mwenzenu ashuke kutoka Lushoto, mkae wote wanne sehemu moja. Kwanza muulize kwa upole: kuna chochote humu ndani alikianzisha yeye zamani, neno, melodi, hata utani wenu wa ndani uliogeuka mstari? Mtashangaa. Nyimbo nyingi za makundi zina mbegu ya mtu ambaye hayupo siku ya mavuno, na kama ipo basi anaweza kuwa mtunzi hata kwa sheria.

Kama haipo kabisa, amueni sheria ya kundi kwa nyimbo zote, msiamue kwa wimbo huu peke yake. Mkisema tunagawana sawa siku zote, mnasema hivyo mkijua kesho anaweza kukosekana yeyote kati yenu, kwa ujauzito, kwa mtihani, kwa mzazi kulazwa. Mkisema tunagawana kwa aliyetunga, ni halali pia, yapo makundi makubwa yanaishi hivyo, ila basi iwe hivyo kwa wote na isianze na aliyekuwa msibani. Maoni yangu unayajua, mimi niko upande wa sawa kwa sawa kwa kundi changa. Ila kama mtu ana tabia ya kutokuja, haji mazoezi, haji studio, anakuja siku ya kupiga picha tu, hilo ni tatizo lingine, mmalize naye kama kundi, msimalizane naye kupitia asilimia.

Halafu tenganisheni vitu viwili ambavyo nyie naona mmevichanganya. Kuna utunzi, yaani maneno na melodi, na kuna masta, yaani ile rekodi yenyewe mliyotoka nayo studio. Ni hela mbili tofauti na zinaweza kuwa na wenyewe tofauti. Aliyelipia studio anaweza kuwa na neno kwenye masta asiwe na neno kwenye utunzi. Na prodyuza wenu msimsahau, Stannard na Rowe wako kwenye utunzi wa Wannabe na ni haki yao, kama wenu ametunga ile biti na akawasaidia melodi basi muulizeni anataka nini mapema. Mfano mkikubaliana prodyuza abaki na 40 na nyie 60, ni 15 kwa kila mmoja wenu wanne. Andikeni kwenye karatasi jina la wimbo, tarehe, majina kamili kama yalivyo kwenye kitambulisho, asilimia, jumla iwe 100, wote wasaini, kila mtu aondoke na nakala yake. Kisha ndio mwende kuusajili COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki, kwa majina hayo hayo, na siku mnaupandisha kwenye majukwaa ya kusikilizia muziki, pale panapouliza watunzi jazeni hayo hayo, msiweke jina la kisanii huku na jina la shule kule, mirabaha inapotea hivyo.

Na kabla hamjautoa wimbo, mrudishe mwenzenu studio. Mwambieni prodyuza asifunge faili bado. Kuongeza sauti moja kwenye kiitikio ni kazi ya saa moja, na kiitikio cha sauti tatu kikipata ya nne kinajaa, utakisikia mwenyewe kwenye hedifoni, kama ukumbi ulioongezwa watu. Victoria hakupata mstari wake kwenye Wannabe, lakini kwenye kuitikia yumo. Wenu anaweza kupata na mstari pia kama mna ubeti wa tatu uko mtupu.

Mkishamaliza nitumie hicho kiitikio, kile chenye sauti nne, nitakisikiliza na nitakwambia ukweli kuhusu miksi. Na mfikishie pole zangu huyo dada wa Lushoto.